Usinipake Rangi: Maisha ya Mama Chaki, Mpima Unene wa Meli

Ndugu, jamaa, majirani, na ninyi wafanyakazi wa chelezo mliokuja moja kwa moja na maovaroli yenu: karibuni, na poleni. Marehemu tunayemsindikiza leo wengi mlimjua kwa jina moja tu, Mama Chaki. Maneno haya yameandikwa na yanasomwa na mdogo wake wa tumbo moja, fundi rangi mstaafu wa chelezo chetu hiki cha kutengenezea meli. Marehemu mwenyewe ndiye aliyeagiza hivyo, wiki tatu kabla ya kufariki, akiwa amekaa kitandani na mto mgongoni.

"Wasifu wangu uandike wewe," alisema.

"Dada, mimi si mwandishi. Mimi ni mtu wa brashi."

"Ndiyo maana nakuonya mapema. Usinipake rangi."

Kisha wakazungumza juu ya habari ya kivuko, ambayo watu wa chelezo wameisimulia miaka arobaini, na kila mara wakaisimulia nusu. Nusu ya pili mdogo wake amekaa nayo kifuani muda wote huo. Leo itasemwa, itakapofika mahali pake.

Marehemu alizaliwa Jumanne, tarehe 9 Machi 1954, katika chumba cha nyuma cha nyumba ya vyumba sita, mtaa wa pili kutoka lango la chelezo. Alikuwa mtoto wa kwanza wa fundi viatu aliyeweka meza yake kwenye kona ya lango, na wa mama aliyefua mashuka ya hospitali. Mdogo wake alizaliwa miaka sita baadaye, wala hakufuatiwa na mwingine. Baba yao alikuwa na mchezo wake. Jioni akifunga kazi, aliwafumba watoto macho, akawapa vipande vya ngozi wavishike kati ya dole gumba na kidole cha shahada, waseme kipi ni cha soli na kipi ni cha juu ya kiatu. Mdogo alibahatisha. Mkubwa hakukosa hata mara moja, na ikafika siku akamwambia baba, "Hiki ni cha soli, lakini ulishakikwangua upande mmoja." Baba akamgeukia mama: "Huyu mtoto ana macho kwenye dole gumba."

Alianza shule ya msingi Januari 1962 na kuimaliza mwishoni mwa 1968. Hakuwa wa kwanza darasani, tusidanganyane. Kwenye imla alikuwa mzigo. Lakini mwalimu wa hesabu alipouliza unene wa karatasi moja ya daftari, wenzake wote waliinamia rula zao wakikodoa macho, naye akafunga karatasi mia kwa pamoja, akazipima, akagawanya. "Nani kakufundisha?" mwalimu akauliza. "Hakuna, mwalimu. Moja haipimiki, nikaita wenzake." Mama yao alifariki tarehe 2 Agosti 1970. Mkubwa alikuwa na miaka kumi na sita, mdogo kumi. Tangu siku hiyo, aliyemsuka mdogo nywele, aliyekagua madaftari yake na aliyemfukuza na ndala kwa utoro, alikuwa dada yake.

Tarehe 3 Aprili 1972 aliajiriwa chelezoni kukwangua kutu, ili ada ya mdogo ipatikane. Mnaojua kazi ile mnajua. Meli imepandishwa juu ya magogo, wewe umelala chali chini ya tumbo lake, na kila unachokwangua kinakuangukia usoni. Hapo ndipo alipoonwa na mkaguzi mzee aliyeitwa Babu Nyundo. Zama hizo bati la meli lilipimwa kwa sikio. Babu alipita na nyundo ndogo, akigonga na kusikiliza, kwa sababu bati nene huitikia na lililoliwa huguna. Siku moja aligonga, akaandika, akaondoka, na sauti ikamfuata kutoka chini ya meli: "Babu, hilo ulilosema zima, rudia. Limeguna." Babu akarudia, kisha akasema, "Toka huko chini, uje ubebe chaki."

Ndivyo alivyopata jina. Kila mahali palipopimwa alichora duara na kuandika namba ndani yake. Bati la kukatwa alilitia alama ya msalaba. Lililofaa kubaki alilitia duara lenye nukta katikati, maana yake: liachwe lilivyo. Chaki ilimfuata hadi nyumbani, ikaingia kwenye sufuria zilizotoboka, kwenye milango na kwenye soli za viatu vya shule. Mume wake alipoanza kuota upara, aliamka usingizi wa mchana Jumapili moja, akaenda dukani kununua majani ya chai, na muuza duka akacheka hadi akashika kaunta. Juu ya upara palikuwa na duara, na nukta katikati.

Na mume huyo alimpata vipi? Alikuwa fundi mitambo wa kivuko cha kupeleka watu ng'ambo. Mwaka 1978 kivuko kilipandishwa chelezoni, yeye akiwa ndani kwenye chumba cha injini, marehemu akiwa nje na nyundo. Alipogonga mara mbili, akasikia mara mbili. Akadhani ni mwangwi. Akagonga tatu, zikarudi tatu. Siku mbili nzima aliandika kwenye daftari kwamba mabati ya nyuma yana mwangwi wa ajabu. Siku ya tatu aligonga mara mbili, zikarudi tano. Akazunguka, akapanda ngazi, akachungulia kwenye chumba cha injini.

"Nani ananigongea?"

"Nani alianza?" akauliza yule kijana, mikono imejaa grisi.

"Mimi niko kazini!"

"Na mimi je, unadhani niko harusini?"

Harusini walifika Jumamosi, tarehe 17 Machi 1979. Marehemu alipenda kusema kwamba alichumbiwa kupitia bati la milimita kumi, na kwamba wachumba wengi hutenganishwa na vitu vinene kuliko hilo. Walijaliwa watoto watatu.

Unene ndio ulikuwa mazungumzo yake, na alijua kwamba watu hawaamini. Mtu akiiona meli ndefu kama mtaa, hudhani ubavu wake ni mnene kama ukuta wa benki. Marehemu alikuwa akialikwa shuleni, anaingia na yai mkononi. "Nani mgumu, yai au meli?" Watoto wanapiga kelele, meli! "Haya. Tukilikuza yai hili likawa na ukubwa wa meli ya mizigo, ganda lake litakuwa nene kupita urefu wa rula yako. Na bati la meli yenyewe?" Anawaonyesha upana wa kidole. Mashua ya plastiki, wembamba wa biskuti. Boti ya kuvutia meli, milimita nane, kumi. Meli ya mizigo, kumi na tano, ishirini na kidogo. Zile za kuvunja barafu huko kwenye baridi, labda vidole vitatu. "Ndiyo maana mimi nipo," alimalizia. "Kikiwa chembamba, mtu asikipime mara moja akalala."

Ilipokuja nyambizi kututembelea na watu wakaruhusiwa kuitazama, alipanga foleni saa mbili na wajukuu. Alimuuliza baharia mlinzi, "Baba, bati lenu unene gani?" Akajibiwa ni siri. Akasema sawa, akasogea hatua mbili, akainama kama anayefunga kiatu, akagonga ubavu wa nyambizi kwa kifundo cha kidole, mara mbili. Mlinzi akaja juu: "Mama! Unafanya nini?" Naye kwa upole: "Nilikuwa napiga hodi tu." Njiani wajukuu walimbana, bibi ni ngapi, bibi ni ngapi. Alikataa. "Mwenyewe kasema ni siri." Ameondoka nayo.

Sasa habari ya kivuko.

Mwaka 1983 ilikuja mashine ya kupimia kwa mwangwi. Marehemu alipelekwa kujifunza wiki sita, akarudi na cheti, mwanamke wa kwanza chelezoni petu kutia sahihi ya unene. Mashine ile ina kichwa kidogo kama kifuniko cha soda. Unapaka mafuta mazito, unakibandika kwenye bati, sauti inaingia, inagonga upande wa pili, inarudi, na namba inaonekana. Sharti lake ni moja: kwanza ukwangue rangi, mahali pa ukubwa wa sarafu, hadi chuma king'ae. Sauti ndani ya rangi hutembea polepole, kama mtu aliyenasa kwenye tope, na mashine ikisubiri sana hudhani bati ni nene. Babu Nyundo aliiangalia mashine hiyo, akasema neno moja tu: "Bati halisemi uongo, mwongo ni rangi."

Alhamisi, tarehe 14 Juni 1984, marehemu alipima kivuko kile kile cha mume wake, mahali mia moja na kumi na mbili. Alikwangua mia moja na moja. Kumi na moja ya mwisho, ubavuni mwa chumba cha injini, hakukwangua. Alipima juu ya rangi, akapata nane, nane na nukta moja, nane na nukta tatu, akachora duara na nukta. Jumamosi kivuko kikarudi majini, chenye sahihi yake.

Jumanne, tarehe 19, alikuwa akijaribu mashine kwenye kipande cha chuma alichojua unene wake, milimita sita. Mtu alikuwa amekimwagia rangi upande mmoja. Upande safi ukasoma sita. Upande wa rangi ukasoma nane na kidogo. Waliokuwa karakanani siku hiyo wanasema aliweka mashine chini polepole, kama mtu anayeweka mtoto aliyelala, kisha akatoka mbio na viatu vya chuma hadi gatini.

Kivuko cha saa sita na nusu kilikuwa kimejaa. Nahodha alikuwa ameshapiga honi.

"Usiondoke!"

"Mama Chaki, vipi? Karatasi yako hii hapa, sahihi yako hii hapa."

"Futa sahihi. Usiondoke."

"Mimi nafuata karatasi, mama. Sifuati mtu anayehema."

Alipoona maneno hayatoshi, alikaa. Alikaa katikati ya lile lango la chuma ambalo magari hupitia, na ambalo lazima linyanyuliwe ndipo kivuko kiondoke. Abiria wakaanza. "Mwondoeni huyo!" "Mama, nina mgonjwa ng'ambo!" "Kagombana na mumewe, waacheni wamalizane!" Mume akapanda kutoka chini, kitambaa cha grisi begani.

"Mama watoto, kuna nini?"

"Nimepima rangi," akasema.

Yeye fundi mitambo alielewa mara moja, kwa sababu kiti chake cha kazi kilikuwa hatua moja kutoka kwenye mabati yale. Alikunja kitambaa, akakitandika, akakaa karibu yake. Nahodha alipowaona wawili, akazima injini.

Walipokwangua na kupima upya, yale mabati yaliyotoka kiwandani yakiwa milimita kumi yalikutwa na tano na nusu, na pengine tano. Kiwango kilitaka saba na nusu. Yawezekana kivuko kingeenda miaka miwili bila neno. Yawezekana kisingefika wiki. Marehemu hakuwahi kujifanya anajua.

Aliitwa ofisini. Meneja alikuwa kwenye mwezi wa kupunguza wafanyakazi, na alitaka mtu wa kufukuza.

"Kwa nini hukukwangua?"

"Sikukwangua."

"Nauliza kwa nini."

"Nami nakujibu. Sikukwangua."

Alinyang'anywa cheti miezi kumi na tano, akarudishwa chini ya meli na kikwangulio, kati ya vijana aliowafundisha mwenyewe. Na utani ukaanza. "Mama Chaki, leo umepima rangi ya nani?" Utani huo ulidumu. Mlimtania hata kwenye sherehe ya kustaafu, tarehe 30 Juni 2014, naye akacheka nanyi. Watu walisema alikuwa na haraka, wengine wakasema kiburi cha cheti kipya.

Hakuwa na haraka. Siku ile ya Alhamisi, ubavu ule wa nyuma ulikuwa umetoka kupakwa rangi, mkono wa tatu, ndio kwanza unakauka. Aliyeupaka ni mdogo wake, ambaye marehemu alikuwa amemwombea kazi chelezoni mwaka 1980. Mdogo alikuwa na mtoto mchanga, na msimamizi alikuwa amemwambia kwamba akionekana na doa moja la kurudiwa kupakwa, asirudi kesho. Alipomwona dada yake anakuja na kikwangulio, alisimama mbele ya bati, mikono imetanuka, brashi ikimdondokea viatuni. "Dada, nakuomba. Nimemaliza sasa hivi. Sehemu kumi na moja tu hizo, na ni mabati yale yale. Usinikwangulie." Dada akaweka kikwangulio mfukoni.

Hiyo ndiyo nusu ya pili. Meneja alipokuwa akiuliza kwa nini, jibu lilikuwa limesimama nje ya mlango wa ofisi, limeshika kopo la rangi, linasikia kila neno. Jioni mdogo alimfuata dada yake jikoni akilia. "Kwa nini hukunitaja?"

"Kichwa cha mashine kilikuwa mkononi mwa nani?"

"Mwako."

"Sahihi ya nani?"

"Yako."

"Basi koroga mboga, inaungua." Na alipomwona bado analia, akaongeza, "Wewe kazi yako ni kupaka, na ulipaka vizuri. Vizuri mno, ndiyo shida."

Mdogo alipaka meli miaka thelathini na tatu zaidi. Kila uliposemwa ule utani, yeye aligeukia kopo lake. Leo amegeuka huku.

Marehemu alirudishiwa cheti Septemba 1985, akafundisha wapima kumi na tisa, na kila mmoja alimpa kikwangulio kabla ya kumruhusu kugusa mashine. Wengi wenu mko navyo mifukoni hivi sasa.

Alianza kuishiwa pumzi mwezi Februari mwaka huu. Hospitalini walimlaza, kijana wa vipimo akampaka mafuta mazito kifuani na kumbandika kichwa cha mashine. Marehemu akafurahi kama aliyekutana na mtu wa kwao.

"Mafuta haya hata sisi tunayatumia. Unapima nini, mwanangu?"

"Unene wa ukuta wa moyo, bibi."

"Ngapi?"

Kijana akamwangalia mdogo wa marehemu aliyekuwa kando, kisha akajibu. "Milimita tano."

"Na ukiwa mzima?"

"Tisa, kumi."

"Mm. Sisi bati likiliwa robo tunalikata. Hili limeliwa nusu. Utanikata?"

"Hapana, bibi. Tutakupa dawa."

"Aa," akasema Mama Chaki. "Rangi."

Alizimeza hata hivyo, asubuhi na jioni, bila kukosa, na zilimpa miezi minane. Katika siku zile za mwisho ndipo mdogo wake alipomuuliza, ile habari ya kivuko niiandike au niiache? "Usinichubue nikaisha," marehemu alisema. "Kwangua mahali padogo tu, ukubwa wa sarafu. Panatosha kujua unene." Alifariki nyumbani, Jumapili tarehe 6 Oktoba 2024, saa nne asubuhi, mume wake akiwa amemshika mkono. Mume anasema marehemu alimgongea kiganjani mara mbili kwa kidole. Naye mume akamjibu mbili, lakini hazikurudi.

Marehemu ameacha mume, fundi mitambo mstaafu. Watoto watatu, mkubwa mchomeleaji vyuma, wa kati mwalimu wa hesabu, na kitinda mimba muuguzi. Wajukuu saba na kitukuu mmoja. Wapima kumi na tisa. Na mdogo wake mmoja.

Mtakaopita kumuaga mtaona upande wa kichwa, kwenye sanduku, mahali ambapo vanishi imekwanguliwa hadi mbao, ukubwa wa sarafu. Fundi seremala asilaumiwe, kazi yake ilikuwa safi na alilalamika sana. Aliyekwangua ni mdogo wa marehemu, asubuhi ya leo, kabla ya kuchora hapo duara la chaki na nukta katikati. Tafadhali, mtu asilifute.

Pumzika, dada. Uachwe ulivyo.